Deni la mahindi yasiyofika: kesi ya Erad na Bodi ya Nafaka

Mwaka 2004 ulikuwa mchungu kwa mlaji wa ugali nchini Kenya. Mvua haikutosha, mashamba ya Ukambani na ya kaskazini yakakauka, na Julai Rais Mwai Kibaki akatangaza ukame huo kuwa janga la kitaifa na kuomba msaada wa chakula. Kule Makueni na Kitui, hata mahindi machache yaliyobaki nyumbani yalikuwa yameingiwa na sumu ya ukungu, aflatoksini. Watu 317 waliugua, 125 wakafa. Kwa hiyo serikali haikuwa inatafuta chakula cha kujazia tu. Kulikuwa na familia zilizoambiwa zisile walichonacho, na zilihitaji mahindi mengine mara moja.

Katika hali hiyo Bodi ya Taifa ya Nafaka na Mazao (NCPB) ilitoa zabuni za kuagiza mahindi meupe kutoka nje. Mmoja wa waliopata zabuni alikuwa kampuni iitwayo Erad Supplies & General Contracts Limited, na sehemu yake ilikuwa tani 40,000.

Mahindi hayo hayakufika. Hakuna debe lililopokelewa katika ghala lolote la bodi. Hata hivyo, ilipofika Machi 2013, zaidi ya shilingi milioni 297 zilikuwa zimetoka NCPB kwenda kwa kampuni hiyo, na deni zima, pamoja na riba na gharama, lilikuwa likitajwa kuwa shilingi milioni 564.

Kesi hii imezoeleka kusimuliwa kama sakata la siasa, na ndani ya sakata hilo majina ya wahusika humeza kila kitu kingine. Mimi nataka kuishughulikia kama kesi ya deni. Anayedai serikali kwa ajili ya chakula cha dharura anatakiwa kuthibitisha nini, mbele ya nani, na katika hatua ipi? Hapa swali jepesi kuliko yote, yaani mahindi yalikuwa wapi, lilipata jibu la mahakama miaka 16 baada ya zabuni. Muda wote huo mawakili walikuwa kazini, majaji walikuwa wakitoa maamuzi, na riba ilikuwa ikihesabiwa.

Benki, meli na nani aanze

Biashara ya kuagiza nafaka nje husimama juu ya barua ya benki ambayo wafanyabiashara huiita LC. Benki ya mnunuzi huahidi kumlipa muuzaji pindi atakapoleta hati zinazoonyesha kwamba shehena imepakiwa. Muuzaji mwenye busara hapakii kabla LC haijafunguliwa, na mnunuzi mwenye busara haifungui kabla hajaridhika kwamba muuzaji ana uwezo wa kuleta mzigo. Kila mmoja anamsubiri mwenzake, na mkataba mzuri ndio unaosema nani aanze na kwa tarehe ipi.

Katika shauri la Erad, LC ndiyo iliyokuwa kiini cha mgogoro. Kampuni ilidai kwamba bodi haikuifungua, kwa hiyo bodi ndiyo iliyovunja mkataba. Hoja hiyo kisheria si ya kudharauliwa. Watu wengi wakisikia kesi hii huuliza kwa hasira, "Mtu hakuleta hata punje, anadai nini?" Lakini sheria ya mikataba inamruhusu muuzaji aliyezuiwa kutimiza ahadi yake kudai faida ambayo angeipata. Kama nimekubaliana nawe nikuuzie ng'ombe kumi, nikawapeleka hadi sokoni, nawe ukageuka na kwenda zako, sheria hainiambii nirudi nyumbani nikanyamaze.

Hapa kuna tatizo la kudumu la manunuzi ya janga. Njaa inatangazwa leo na zabuni inatolewa kesho, huku fedha za Hazina zikija zitakapokuja. Shirika linaloweka sahihi haliamui ratiba ya fedha. Sheria ya sasa ya manunuzi, ya mwaka 2015, inamkataza afisa mhasibu kuanza ununuzi kabla ya kuridhika kwamba fedha za kutosha zimetengwa. Kifungu ni cha 53(8). Mwaka 2004 Kenya haikuwa na sheria kamili ya Bunge kuhusu manunuzi ya umma. Kulikuwa na kanuni za mwaka 2001 tu, na sheria ya kwanza ilianza kutumika Januari 2007. Serikali iliyotia sahihi bila fedha mkononi ilikuwa imempa mzabuni nusu ya kesi tayari, awe mkweli au asiwe.

Dola 49 na dola 28

Shauri lilikwenda kwa msuluhishi badala ya hakimu, kama mikataba mingi ya biashara inavyotaka. Tuzo, yaani uamuzi wa msuluhishi wa nani alipwe na kiasi gani, ikatolewa Julai 2009. Ilikuwa na mafungu mawili makubwa: dola 1,960,000 kwa faida iliyopotea na dola 1,146,000 kwa gharama za kuhifadhi mahindi. Juu yake riba na gharama za shauri.

Naomba tukae kidogo kwenye takwimu hizi, maana ndizo zinazobeba kesi nzima.

Gawa faida kwa tani 40,000. Unapata dola 49 kwa kila tani. Hiyo inadaiwa kuwa faida halisi ya mtu aliyenunua, akasafirisha, akakata bima na kukabidhi. Kuthibitisha faida kunahitaji pande mbili za hesabu: bei ya kuuzia, ambayo mkataba unaitaja, na bei ya kununulia, ambayo ni muuzaji peke yake anayeijua. Asiyemuuliza kwa ukali alinunua kwa nani na kwa bei gani, akataka kuona mkataba wa huko, anakubali faida iliyopangwa mezani.

Gawa sasa gharama za uhifadhi. Ni zaidi ya dola 28 kwa tani. Gharama ya kuhifadhi ina tabia ambayo faida haina: ni lazima kuwe na kitu kilichohifadhiwa. Faida iliyopotea inaweza kuwa ya mahindi ambayo yangenunuliwa, lakini hakuna ghala linalotoza pesa kwa nafaka ambayo haijaingia. Fungu hili la pili ndilo lililoifanya kampuni iseme, kwa hati, kwamba mahindi yalikuwepo, yalikaa mahali, na mahali hapo walidai malipo.

Hati yenyewe ilikuwa ankara ya Februari 2005, kwa jina la kampuni ya Chelsea Freight, ya dola 1,146,000 kamili.

Tani 40,000 si mzigo wa kufichika. Kwa gunia la kilo 90, ambalo ndilo kipimo cha mkulima wa Kenya, ni magunia zaidi ya 444,000. Kwa lori la tani 28, ni malori zaidi ya 1,400. Mahindi ya kiasi hicho huacha alama kila yanapopita: mkataba wa kuyanunua, risiti za ghala, vyeti vya kufukiza dawa, cheti cha afya ya mimea cha nchi yanakotoka, bima, kodi ya meli, barua za wakala wa forodha. Kisha huacha alama nyingine yanapotoka. Kama bodi iliyakataa, nani aliyanunua? Mwaka ule wenye mahindi meupe ya kuuza katika sehemu hii ya Afrika hawakukosa wateja.

Na hapo sheria ya mauzo ya bidhaa ingepaswa kuuma. Mnunuzi akikataa bidhaa ambayo ina soko, fidia ya kawaida ni tofauti kati ya bei ya mkataba na bei ya soko siku ile. Muuzaji pia ana wajibu wa kupunguza hasara yake. Hawezi kuacha nafaka ikae miezi ghalani, ikila kodi, huku watu wanatafuta nafaka. Ikiwa bei ya soko ilikuwa sawa na ya mkataba au zaidi, hasara inaweza kuwa ndogo mno au isiwepo. Kwa maoni yangu, kila wakili anayeitetea serikali katika deni la aina hii aanze na hoja hii kabla ya kugusa hoja yoyote ya kitaratibu. Haihitaji kumshtaki mtu kwa uongo. Inahitaji tu kumtaka aonyeshe aliuza wapi na kwa bei gani.

Tuzo ikishatoka

Kuanzia Julai 2009 kesi ilibadilika sura kabisa. Bodi ilikwenda Mahakama Kuu kuomba tuzo itenguliwe, ikashindwa. Ikaenda Mahakama ya Rufaa, ambako ilipata amri ya kusimamisha utekelezaji kwa muda. Erad nayo ikapanda hadi Mahakama ya Juu mwaka 2012 kupinga amri hiyo. Mahakama ya Juu ikasema haina mamlaka ya kusikiliza: jambo la kikatiba lililoshikamana na shauri lenyewe ni lazima liamuliwe kwanza katika mahakama lilikoanzia, ndipo liweze kukatiwa rufaa. Uamuzi huo, ombi nambari 5 la 2012, umekuwa ukinukuliwa na mawakili tangu wakati huo kwa suala la mamlaka ya mahakama. Wengi wanaounukuu hawakumbuki kwamba chanzo chake ni chakula cha njaa.

Angalia kilichojadiliwa katika ngazi hizo: muda, mamlaka, haki ya kukata rufaa, mipaka ya mahakama kuingilia usuluhishi. Mahindi hayakuwa sehemu ya mjadala, na sheria haikukusudia yawe. Sheria ya Usuluhishi ya 1995 inasema tuzo ni ya mwisho na inaifungia mahakama nje isipokuwa kwa sababu chache zilizotajwa katika kifungu cha 35. Msuluhishi akikosea katika kupima ushahidi, kosa hilo ni la wahusika kulibeba, walimchagua wenyewe.

Siipingi kanuni hiyo. Bila hiyo usuluhishi ungekuwa hatua ya kupoteza muda kabla ya kesi ya kweli. Lakini kanuni ilibuniwa kwa wafanyabiashara wawili wanaogombana juu ya fedha zao. Hapa upande mmoja ulikuwa shirika la umma, na fedha zilikuwa za mlipa kodi ambaye hakuwamo chumbani, hakumchagua msuluhishi, na hakuwa na njia ya kujua kama wakili wake aliuliza swali lililofaa.

Je, kulikuwa na mlango? Ulikuwepo, mwembamba. Kifungu cha 35 kinaruhusu tuzo kutenguliwa ikiwa inakwenda kinyume na sera ya umma ya Kenya. Lakini tangu uamuzi wa Jaji Ringera mwaka 2002, katika kesi ya Christ for All Nations na Apollo Insurance, maneno hayo yamesomwa kwa ubahili: tuzo iwe inapingana na Katiba au sheria nyingine, au inadhuru maslahi ya taifa, au ni kinyume cha haki na maadili. Udanganyifu na hongo viliongezwa waziwazi kwenye kifungu hicho na marekebisho ya 2009, ambayo yalianza kutumika mwaka 2010, baada ya tuzo hii kutoka. Na maombi yote ya kutengua lazima yaletwe ndani ya miezi mitatu tangu kupokea tuzo. Kughushi kwa kawaida hakugunduliki kwa miezi mitatu. Mpelelezi anahitaji kwenda kwenye kampuni iliyotajwa kwenye ankara na kuuliza kama wanaijua.

Baadaye, Desemba 2019, Mahakama ya Juu katika kesi ya Nyutu Agrovet na Airtel ilikubali kwamba uamuzi wa Mahakama Kuu chini ya kifungu cha 35 unaweza kukatiwa rufaa katika hali za pekee. Kwa NCPB lilikuwa jambo la kuchelewa. Fedha zilikwisha kutoka miaka sita nyuma.

Ankara mbele ya hakimu

Kilichofanya swali la mahindi liulizwe tena ni kesi ya jinai. Kampuni na wakurugenzi wake wawili walishtakiwa mwaka 2018 katika mahakama ya kupambana na ufisadi ya Milimani, na Juni 2020 walipatikana na hatia. Mahakama iliona kwamba ankara ya uhifadhi ilikuwa ya uongo na kwamba fedha zilizolipwa kwa msingi wake zilipatikana kwa ulaghai. Sheria ya Ufisadi na Makosa ya Kiuchumi ya 2003 inaagiza faini ya mara mbili ya faida au hasara iliyotokana na kosa, ndiyo maana faini zilizotolewa zilikuwa za mamia ya mamilioni, na vifungo virefu badala yake. Mahakama Kuu iliithibitisha hukumu hiyo mwaka 2022, na washtakiwa wakaendelea na rufaa ngazi ya juu yake. Mambo ya jinai na haki ya washtakiwa ni ya mahakama hizo, nami nayaacha huko.

Ninachochukua kutoka hapo ni cha kiutaratibu. Karatasi ile ile ilipita mbele ya msuluhishi ikazaa tuzo, kisha ikapita mbele ya hakimu ikazaa hatia. Tofauti haikuwa kiwango cha ushahidi. Kiwango cha jinai ni kigumu zaidi kwa anayeshtaki. Tofauti ilikuwa kwamba safari ya pili kulikuwa na mtu ambaye kazi yake ilikuwa kuifuatilia karatasi hadi ilikotoka. Katika usuluhishi kazi hiyo ilikuwa ya mdaiwa, na sheria ilimpa nyenzo: angeweza kutaka mwenye ankara aje kuhojiwa, na hata kuomba msaada wa Mahakama Kuu kupata ushahidi huo.

Linaloniuma ni mpangilio wa mambo. Kwanza malipo, kisha uchunguzi. Na adhabu kwa mtu hairudishi mahindi Makueni.

Walioleta kweli

Nikiishia hapo nitakuwa nimewatendea vibaya watu wengi. Kwa kila dai la mahindi hewa, kuna wazabuni waliopeleka blanketi, unga, maharagwe, mafuta ya kupikia na maturubai hadi kambini wakati barabara zimekatika, wakasainiwa stakabadhi ya kupokelewa mzigo, na hadi leo hawajalipwa. Wengi ni wafanyabiashara wadogo waliokopa benki kwa dhamana ya nyumba. Kesi kama ya Erad imewapa maafisa wa fedha kisingizio kizuri: kila deni la dharura linatazamwa kama la mwizi, linawekwa "kwenye uhakiki," na uhakiki hauishi.

Na mzabuni huyu akienda mahakamani na kushinda, anakutana na ukuta ambao Erad haikukutana nao kwa namna ile ile. NCPB ni shirika lenye nafsi yake ya kisheria. Anayeidai wizara anaangukia kifungu cha 21(4) cha Sheria ya Mashauri ya Serikali, kinachokataza kukamata mali ya serikali ili kulipa hukumu. Dalali wa mahakama hawezi kuvuta gari la wizara. Mdai anatakiwa kuchukua cheti cha amri, akipeleke kwa afisa mhasibu, asubiri. Asipolipwa afungue shauri jipya kuomba amri ya kumlazimisha afisa huyo. Na afisa akipuuza, mdai aanzishe la tatu la kudharau mahakama. Hayo yote baada ya kushinda. Mwenye nguvu ya mawakili huvuka. Aliyeuza magunia mia mbili ya unga hukata tamaa katikati.

Serikali iliunda kamati ya uhakiki wa madeni mwaka 2023, chini ya aliyekuwa Mkaguzi Mkuu Edward Ouko, kupitia madai ya Juni 2005 hadi Juni 2022. Mtu aliyeuza chakula cha ukame miaka 15 iliyopita alitakiwa kutafuta karatasi za wakati ule. Kwa mwenye biashara ndogo, ambaye duka limehama mara tatu na karani aliyepokea mzigo amestaafu, huo ni mzigo mkubwa kuliko wa kubeba unga wenyewe.

Ndiyo maana naona ulinzi wa mzabuni mkweli na ulinzi wa mlipa kodi unatoka mahali pamoja, nao ni siku ya kupokea mzigo. Sheria ya manunuzi ya 2015 inataka kamati ya ukaguzi na upokeaji, kifungu cha 48, na hakuna sababu ya kuiacha eti kwa kuwa ni dharura. Maafisa watatu, mizani, namba za malori, picha na sahihi, vyote siku ile ile. Karatasi hiyo ndiyo itakayomlipa aliyeleta na kumnyima asiyeleta, na zote mbili zitafanyika bila wakili.

Mafuriko ya Machi hadi Mei 2024 yaliacha maelfu ya familia makambini, na serikali za kaunti zilinunua vitu kwa haraka. Madai kutoka msimu kama huo huja kidogo kidogo, mengine kupitia usuluhishi. Kwa wakili wa kaunti atakayepokea mojawapo: soma mkataba uone nani alipaswa kuanza, na kama fedha zilikuwa zimetengwa. Kama kuna fungu la uhifadhi, muite mwenye ghala kabla ya kikao cha kwanza, umwombe daftari la kuingiza na kutoa mzigo. Dai bei ya kununulia. Uliza bidhaa ziliuzwa kwa nani baadaye. Na kama tuzo imeshatoka dhidi yako na una shaka na hati hata moja, mpe mpelelezi nakala wiki hiyo hiyo, kwa sababu miezi mitatu ya kifungu cha 35 imeanza kuhesabiwa tangu siku ulipoipokea.